Rai ya Ba, figiri ya mayu

Mdogo wangu alikuwa akizitoa moja moja. Alikaa kizingitini, bakuli la dengu mapajani, akachokoa vile vidoa vyeusi kwa ncha ya kidole na kuvipanga ukingoni mwa bakuli kama askari wa gwaride, na hakutia kitu mdomoni mpaka ahakikishe vimekwisha. Leo alisema ni mchanga, kesho ni mayai ya mende. Mimi nilimzidi miaka mitatu, kwa hiyo nilijua zaidi. Nilimwambia ni baruti, na kwamba akimeza nyingi tumbo litalia paa usiku.

Sikuwa nimetunga kabisa. Nilikuwa nimezisikia zikilia.

Mama alikuwa akimfulia Ba. Ba ni neno la Wagujarati la kumwita mama au bibi. Sisi tulidhani ndilo jina lake, na mtaa mzima ulimwita hivyo, hadi muuza magazeti. Alikaa ghorofani katikati ya mji wa Mwanza, kwenye moja ya zile nyumba za zamani zenye roshani inayotazama barabara, si mbali na Mto Mirongo. Jumamosi shule hakuna, mama alinichukua nimsaidie kuanika. Nguo zikishaanikwa sikuwa na kazi tena, na jiko la Ba lilikuwa na stuli.

Alikuwa na mkebe wa bati wa mviringo, na ndani yake vikopo saba vidogo vimebanana kama watoto waliolala kitanda kimoja: manjano, pilipili ya unga, bizari nyembamba, uwatu, na vingine nimevisahau. Kimoja kilikuwa na punje za duara, nyeusi zenye wekundu kwa mbali. Hizo aliziita rai. Mara ya kwanza aliposema "Rai kwanza," nilimtazama nikafikiri ananiuliza maoni yangu, maana rai niliyoijua mimi ni ile ya mtu kutoa rai kwenye kikao. Nikajibu, "Sijui, Ba." Alicheka mpaka akakaa.

Alimimina mafuta kwenye kisufuria kisichozidi kiganja chake. Akatupia punje moja.

"Ikikaa kimya, ngoja. Ikicheza, tia zote. Halafu funika, usisogeze uso."

Zikaanza: ta, ta-ta, kisha zikamwagika kama mvua ya kwanza juu ya bati. Ba hakungoja zinyamaze. Sauti ikianza tu kupungua alifunua, akatia majani ya mchuzi na mvuje kiasi cha ncha ya kisu, akakibeba kisufuria kwa kipande cha kanga hadi kwenye dengu zilizokwisha iva, akamwaga juu. Chwaaa. Jiko zima lilibadilika harufu kwa pumzi moja.

Kwetu tunaunga mwanzoni: kitunguu, nyanya, halafu ndipo mboga yenyewe iingie. Ba aliunga mwishoni. Dengu zilichemka peke yake saa nzima, chumvi na manjano tu, na roho ya chakula ikaja dakika ya mwisho ikiwa bado inatokota. Mama hakuamini utaratibu huo. Alisema ni sawa na kumvalisha bibi harusi nje ya kanisa. Lakini bakuli tulilopewa Jumamosi halikuwahi kubaki na kitu, ukiondoa kikosi cha askari weusi pale ukingoni.

*

Wanawe Ba walimhamishia Kanada nikiwa kidato cha pili. Mkebe alikwenda nao. Kwa miaka mingi sikuwaza tena habari za rai, kwa sababu kwetu haikuwapo na sikujua pa kuitafuta, na kusema kweli sikuitafuta.

Haradali nayo niliijua kwa njia nyingine kabisa. Niliijua kanisani. Kila mtoto aliyepita shule ya Jumapili anaijua punje ya haradali, ile ndogo kuliko zote, ambayo ikiota inakuwa mti na ndege wanakuja kukaa matawini. Mwalimu wetu alikuwa mtu wa vielelezo, akaja na mbegu za mchicha kwenye karatasi, akasema haradali haipatikani huku, ni mmea wa kwa Yesu, ila ukubwa wake ni kama huu. Tukapitishiana karatasi, mmoja akapiga chafya, somo likaishia hapo. Rafiki yangu aliyesoma madrasa alikuwa na yake: kwao uzani wa chembe ya khardali ndio mfano wa kitu kidogo ambacho Mungu hakiachi bila kukihesabu. Hata yeye hakuwa ameiona.

Mwaka 2011 nikaingia kwenye duka la viungo mjini kutafuta uwatu wa mzazi, maana dada yangu alikuwa amejifungua. Kwenye rafu palikuwa na vifuko vya plastiki vya gramu mia, na kimojawapo kilikuwa na zile punje. Nilizitambua kabla sijasoma chochote. Nikamuuliza kijana wa dukani.

"Hiyo rai, dada. Wengine wanaita haradali."

"Haradali ipi?"

"Kwani ziko ngapi?"

Nilisimama pale nimeshika kifuko kama mtu aliyepigiwa simu ya msiba. Punje ya kwenye mfano! Nilikuwa nikiila kila Jumamosi, juu ya stuli, na mdogo wangu alikuwa akiitupa jalalani. Mwalimu wetu alituambia haipatikani huku wakati kanisa letu na jiko la Ba havikuachana kwa mwendo wa dakika kumi.

Kijana hakujua kwamba swali lake lina jibu. Ziko tatu kubwa. Kuna haradali nyeusi, ambayo ikipata ardhi nzuri huvuka mita mbili, na huenda ndiyo iliyokusudiwa kwenye ule mfano wa ndege na matawi. Kuna ya kahawia, ndiyo hasa inayouzwa siku hizi kwa jina la rai. Na kuna nyeupe, ambayo kwa macho ni ya njano, kubwa kidogo na pole kidogo. Hiyo ndiyo inayotawala ile mastadi ya chupa wanayopakia soseji. Na kuhusu udogo, mwalimu alipatia hadi akapitiliza. Mbegu ya mchicha ni ndogo kuliko ya haradali. Nimeziweka kwenye sahani moja nikahakikisha.

*

Nilichofanya na kile kifuko kwanza ni kukiharibu.

Nilitaka kutengeneza kitu kikali. Nilikuwa nimeona kwenye intaneti jinsi Wabengali wanavyopika samaki wao, ilish, kwa haradali ya kusaga, nikajiambia: samaki tunao, rai ninayo, tatizo liko wapi? Kila kiungo nilichokijua hukaangwa kikavu kwanza ndipo kisagwe. Bizari hukaangwa. Giligilani hukaangwa. Basi nikaikaanga rai kwenye kikaango mpaka ikanukia karanga, nikaitwanga kwenye kinu, nikaikoroga kwa maji ya moto ili ilainike upesi, nikaonja.

Hakuna kitu. Uchungu kidogo, ladha ya karanga kidogo, na uji wa rangi ya matope. Nikaongeza rai nyingine, nikaikaanga zaidi. Nikapata matope machungu zaidi.

Ilinichukua muda kuelewa, na nilipoelewa ndipo rai ilipoacha kuwa kiungo kimoja kwangu. Ukali haumo kwenye punje. Punje nzima ni pole. Ukiimeza bila kutafuna ni kama umemeza shanga. Ndani yake mna vitu viwili vinavyokaa vyumba tofauti: sinigrini, na kimeng'enya, yaani kichocheo, kiitwacho mairosinasi. Vinaishi kama wake wenza waliojengewa nyumba mbalimbali. Amani ipo hadi siku ukuta utakapoanguka. Ukivunja punje, na maji yakawapo, vinakutana, na ndani ya dakika chache huzaliwa kile kitu kinachopanda puani na kutoa machozi. Mmea haukukitengeneza kwa ajili yetu. Umekitega kwa ajili ya mdudu atakayeutafuna.

Sasa ona nilivyofanya. Moto huua kimeng'enya. Nilikaanga kwanza, nikamaliza mmoja wa wale wake wenza kabla ukuta haujavunjwa. Halafu nikamwagia maji ya moto, nikammalizia huyohuyo, kama alikuwa bado anapumua. Ugomvi ungetoka wapi?

Na hapo ndipo nilipomwelewa Ba. Rai yake iliyopasuka kwenye mafuta haikuwa kali hata siku moja, hatukuwahi kulia machozi mezani. Ilikuwa na ladha ya karanga na moshi wa mbali, na ile kukwaruza kidogo chini ya jino. Unyevu ulio ndani ya punje unageuka mvuke, ngozi inapasuka, kimeng'enya kinakufa hapohapo. Yeye hakuhitaji ukali. Kwa hilo alikuwa na pilipili.

Kama huamini, fanya nilivyofanya. Twanga vijiko viwili vya rai mbichi, gawa kwenye vikombe viwili. Kimoja tia maji ya mtungini, kingine maji yanayochemka. Kaa dakika kumi, usiwe na haraka. Halafu inamia kile cha maji ya moto, unuse: utasikia harufu ya shamba lililonyeshewa. Kisha inamia kile cha maji baridi, taratibu, usivute pumzi kwa pupa kama shemeji yangu, ambaye alirudi nyuma akagonga kabati.

Kikombe hicho cha baridi ukikiacha wazi, kufika jioni ukali umeshatoroka, kwa sababu ni kitu chepesi kuruka. Ndiyo maana kwenye mastadi hutiwa siki. Siki huuchelewesha ule ugomvi na kuufanya udumu. Ukitaka iume hasa, tia maji kwanza, ngoja dakika zako kumi, ndipo uitie siki. Ukianza na siki utapata ya upole. Wafaransa wa Dijon wametajirika kwa jambo hili, na mbegu zenyewe kwa miaka mingi walizitoa kwa sehemu kubwa Kanada. Ukame wa huko mwaka 2021 uliposhusha mavuno, mwaka 2022 rafu za mastadi Ufaransa zikabaki tupu. Nilipoisoma habari hiyo nilimkumbuka Ba. Aliondoka Mwanza na mkebe wake, labda akidhani anaiacha rai nyuma, kumbe anahamia kwenye nchi inayoilima na kuisafirisha kuliko karibu nchi zote duniani.

*

Samaki nilimrudia. Nilinunua sato wawili kwa mchuuzi aliyetoka nao Mwaloni asubuhi hiyo, macho bado yanang'aa, kila mmoja akitosha sahani. Sangara angefaa pia, minofu yake ni minene na inavumilia, ila sato ana nyama tamu inayobeba ladha bila kugombana nayo, na mimi kwa sangara sina mapenzi sana.

Nililoweka vijiko vitatu vya rai nusu saa. Nikaitwanga na pilipili mbichi mbili na chumvi. Wabengali wanasema chumvi na pilipili kwenye kinu ndizo zinazozuia uchungu, na mimi sijawahi kuthubutu kuziacha ili nione. Maji baridi kidogo kidogo, mchi unazunguka badala ya kupiga, mpaka ikawa kama uji mzito wa rangi ya kaki. Nikaiacha dakika kumi. Hapo jikoni pakaanza kunichoma macho kama nakata vitunguu, nami nikafurahi peke yangu kama mjinga.

Manjano, mafuta ya alizeti vijiko viwili, basi. Nikampaka sato ndani na nje na kwenye chale. Majani ya mgomba nikayapitisha juu ya moto mpaka yakalegea na kung'aa, nikamfunga, kamba ya mgomba huohuo, nikamlaza juu ya vijiti ndani ya sufuria yenye maji kidogo, kifuniko, na jiwe juu ya kifuniko. Dakika ishirini na tano. Mvuke unachukua sehemu ya ukali na kuondoka nao. Kinachobaki si kile cha kukutoa mbio. Kinapanda, kinagusa sehemu ya juu ya pua, kinashuka.

Shemeji ni mtu wa Ukerewe. Kwake samaki ni wa kuchemsha: nyanya, kitunguu, ndimu, chumvi, na mchuzi mwepesi ambao unaona sakafu ya bakuli. Chochote zaidi ya hapo ni kumficha samaki aliyeoza. Alifungua jani, akanusa kwa tahadhari, alikuwa bado hajalisahau kabati. Akamega ugali, akachovya, akatafuna. Akakaa kimya kwa muda.

"Samaki huyu ana hasira," akasema.

Akamega tena. Alimaliza hadi kichwa, akanyonya na macho. Lakini alipoaga alimwambia mume wangu kwamba wiki ijayo angependa samaki wa kawaida.

*

Wengi wakisikia haradali wanafikiria punje tu, na punje wanafikiria ni ya Wahindi. Haikuja jana. Reli ilipofika Kisumu mwaka 1901, ziwa likafunguka, wafanyabiashara kutoka Gujarati na Kuchi wakatapakaa na maduka yao kuzunguka fukwe hizi. Na reli ya kutoka Tabora ilipofika Mwanza mwaka 1928, magunia ya pamba yakashuka kwenda pwani na mikebe ya viungo ikapanda. Mpaka leo mabehewa ya biashara hiyo yanakwenda pande zote mbili: dengu na choroko za mbuga zetu za Usukuma huishia kwenye vyungu vya India, na rai ya India huishia kwenye rafu zetu. Dengu alizokuwa akipika Ba huenda zililimwa Magu. Kilichotoka ng'ambo kilikuwa kijiko kimoja cha punje.

Lakini majani? Majani tunayo. Yamekuwapo gengeni siku zote.

Mayu, yaani mama kwa Kisukuma, anauza mboga kule chini kabla hujaanza kupanda mawe ya Mabatini. Nikimwamkia "Mwangaluka, mayu," ananijibu na mkono wake tayari umeshika fungu, kwa sababu anajua nitachukua figiri. Kamusi zinasema figili ni ile mboga ya mzizi, nyeupe au nyekundu, ya kutafuna mbichi. Sokoni kwetu ukisema figiri unapewa majani: mapana, laini, ya kijani kilichofifia, yenye uchungu mdogo na kamwasho kwa mbali. Ikate bichi utafune bua lake polepole. Kale kamwasho kanachokuja nyuma ya ulimi ni rai. Rai ya sauti ya chini, lakini ni yenyewe.

Si kufanana tu. Mwaka 1935 mtaalamu wa mimea Woo Jang-choon, aliyekuwa akifanya kazi Japani, alionyesha jinsi koo hizi zilivyooana. Haradali nyeusi ilipochanganyika na ukoo wa chainizi ikazaliwa haradali ya kahawia, yaani rai ya dukani. Haradali hiyohiyo nyeusi ilipochanganyika na ukoo wa kabichi ikazaliwa ile mboga ambayo wenzetu wa Arusha wanaiita loshuu. Rai ya Ba na loshuu ya Mmeru ni ndugu wa mzazi mmoja, na hakuna aliyewahi kuwatambulisha.

Ukoo ukiufuata mbali zaidi unashangaa. Mgagani, ambao mama yangu aliuchemsha na maziwa na karanga hadi uchungu wake ukatulia, uko kwenye kundi hilohilo kubwa la mimea. Mlonge nao umo. Papai limo! Kuna siku nilitafuna mbegu ya papai, ile nyeusi tunayoikomba na kutupa, nikasikia pilipili na rai kwa pamoja. Ni kemia ileile ya kuta mbili. Tangu hapo huwa nazikausha na kuzisaga kidogo juu ya kachumbari, na wageni hawajui wanakula nini, nami siwaambii.

Figiri napika hivi. Nakaanga kijiko cha rai mpaka ipasuke, natia kitunguu, kitunguu saumu, figiri iliyokatwa kwa upana wa vidole viwili, chumvi, na siifuniki. Dakika tatu. Ukiifunika na kuisahau inatoa harufu ya kabichi la bwenini, na wote tuliosoma bweni tunajua harufu hiyo inavyofukuza njaa. Mwisho karanga za kutwanga. Hapo mbegu na jani vinakutana sufuria moja, na rai ya Ba inapigiwa hodi na karanga za mama. Wapunjabi wao wana njia nyingine: huyapika majani ya haradali kwa muda mrefu, wakayaponda hadi yakawa uji wa kijani, wakala na chapati za mahindi. Majani yaliyopondwa na unga wa mahindi. Msukuma ukimweleza hivyo hatakuuliza ni nchi gani, atakuuliza maji ya kunawa yako wapi.

Mafuta ya haradali nayo nimewahi kuyapata, chupa moja, zawadi. Ni ya rangi ya asali na harufu yake inakufungua masikio. Bengali na Punjabi hupikia, baada ya kuyachemsha mpaka yaanze kutoa moshi ili yapoe ukali. Marekani hairuhusu yauzwe kama mafuta ya kupikia, kwa sababu ya asidi ya eruki iliyomo, ambayo iliwaletea panya wa maabara matatizo ya moyo, kwa hiyo chupa huandikwa kwamba ni ya kupaka tu. Mimi niliyatia kijiko kimoja kwenye achari, mengine mama akayachukua akapaka magoti. Nililelewa kwenye mafuta ya mbegu za pamba, yale mazito ya viwanda vya hapa kwetu. Sina haki ya kudharau mafuta ya mtu.

Achari yenyewe ilioza. Nilikata maembe mabichi ya Sengerema, nikatia chumvi, rai ya kuvunjwa vunjwa, uwatu, manjano, pilipili, mvuje, mafuta juu. Kila kitu sawasawa, isipokuwa niliyaanika maembe siku moja badala ya mbili kwa sababu mawingu yalitanda, na mtungi niliufuta kwa kitambaa badala ya kuukausha juani. Wiki ya pili ukungu mweupe ukakaa juu kama barafu. Rai huzuia vijidudu, hiyo ni kweli, lakini haiwezi kulinda nyumba uliyoiacha mlango wazi na maji ndani.

*

Mwaka juzi nikaipanda. Nilichukua kiganja cha rai kutoka kwenye kifuko cha dukani, ile ya kula, nikainyunyiza kwenye beseni bovu lililojaa udongo na samadi ya mbuzi. Nyumba yetu iko juu, kati ya majabali mawili makubwa kuliko nyumba yenyewe, na udongo huku hupatikani mpaka uubebe kutoka chini kwa kiroba. Jirani aliniuliza nimepanda nini. Nikasema haradali. Akasema, "Ya kwenye Biblia?" kisha akaja kuitazama kila siku kama aliyeahidiwa kitu.

Siku ya nne ilikuwa imeota, vijani viwili viwili vyenye umbo la moyo. Wiki ya nne nikachuma majani: yana meno pembeni, yana kwaruzo, na mabichi yanauma kuliko figiri mara tatu. Viwavi vikaja. Hapo ndipo utajua kwamba mtego wa mmea haumnasi kila mtu. Kuna nondo mdogo wa kabichi ambaye harufu hiyohiyo ya kufukuzia wadudu ndiyo inamwonyesha njia ya kwenda kutaga. Nilivitoa kwa mkono, asubuhi, moja moja, na nikamkumbuka mdogo wangu na bakuli lake.

Wiki ya saba ikachanua. Maua ya njano, kila moja petali nne zilizokaa kama msalaba, na nyuki sijui walitoka wapi kwenye mawe yale. Mti haikuwa. Ilifika kiunoni kwangu ikaishia hapo, beseni lina mipaka yake. Lakini maganda yalipoanza kukauka shomoro wawili wakaja, wakakaa kwenye mashina yakainama hadi chini, wakala mbegu. Jirani aliwaona. Aliita mke wake na watoto waje washuhudie.

Mimi nilikuwa nimeshagundua maua. Kikonyo na ua lake changa, kabla halijafunguka vizuri, ndiyo sehemu tamu kuliko zote za mmea huu: laini, utamu wa asali kwanza, halafu rai inakuja nyuma ikiwa imevaa vizuri. Yakaange kwa dakika moja na chumvi tu. Ya beseni yakaisha kwa milo miwili, nikashuka kwa mayu.

Nilikuwa nimeona kwamba figiri ikishatoa maua huwa anaitenga pembeni kuwapa kuku. Nikaziomba.

"Hii imezeeka, mwanangu. Utapika nini hapo?"

"Maua."

Alinitazama vile wanavyotazamwa watu waliosoma sana, akanijazia mfuko bure. Wiki iliyofuata bure. Ya tatu akaniuliza nazipikaje, nikamweleza, akaguna. Ya nne nikakuta ametenga vile vikonyo, amevifunga kwa kamba ya mgomba, vimepangwa mstari wa mbele kabisa, juu ya nyanya.

"Shilingi mia tatu," akasema. "Na kuku sasa nawapa pumba."